Chungu, Baa na Jukwaa: Kilevi na Muziki wa Nyanda za Juu Kusini

Tarehe 28 Mei 2013 Albert Mangwea, ambaye mashabiki walimjua kwa jina la Ngwair, alifariki dunia Johannesburg. Alizaliwa Mbeya mwaka 1982, akakulia Morogoro, akasoma Dodoma, na albamu yake ya "a.k.a. Mimi" iliwafundisha vijana wengi kwamba kughani kwa Kiswahili ni kazi ya fundi. Magazeti yalikihusisha kifo chake na dawa za kulevya kabla hata mwili haujarudishwa nyumbani. Wiki tatu hazijatimia akafuata Langa Kileo, tarehe 13 Juni, kijana aliyekuwa amesimulia hadharani jinsi alivyozama kwenye unga na jinsi alivyopigana kutoka. Na miezi sita kabla ya hapo, Desemba 2012, Rehema Chalamila, yaani Ray C, mzaliwa wa Iringa, alikwenda Ikulu pamoja na mama yake kumshukuru Rais Jakaya Kikwete kwa kumsaidia kupata matibabu ya uraibu wa heroini.

Mwaka ule wa 2013 hukumu ilisikika kila kona, kwenye daladala na kwenye mimbari: muziki wa kizazi kipya ni uhuni, na uhuni wenyewe ni bangi na unga. Wazee walisema, wachungaji wakasema, wanasiasa wakadakia. Naipinga hukumu hiyo, na naipinga kwa historia. Kuanzia Iringa hadi Mbeya muziki na kilevi vimeishi nyumba moja tangu kabla Mjerumani hajapigwa na Wahehe kule Lugalo mwaka 1891. Lakini kilevi kilichoulea muziki huo, kikaulipia, kikauamulia uchezwe wapi na hadi saa ngapi, ni pombe. Bangi imeogopwa sana kuliko ilivyoimbwa. Unga umewamaliza wasanii bila kuwatungia hata ubeti. Pombe ndiyo iliyoshika daftari la mapato, na daftari hilo halijafunguliwa vizuri na yeyote kati ya wanaolaumu nyimbo.

Tuanzie kwenye mianzi. Katika vilima vya Kilolo, Mufindi na Njombe, mvua zikishika, machipukizi ya mlanzi hukatwa ncha na kutegeshewa mbeta, na mgema hupita asubuhi na jioni kukata upya na kukusanya maji yake. Ulanzi wa siku hiyohiyo, mtogwa, ni mtamu na hata mtoto huonjeshwa. Ukilala unakuwa mkangafu, na huo ni wa watu wazima. Msimu wake, Desemba hadi Mei hivi, ndio msimu wa kulima na kupalilia. Kiangazi kikiingia zamu inahamia kwenye nafaka: komoni ya mahindi na ulezi, na ukielekea Mbeya na Rukwa, kimpumu. Kwa hiyo mwaka mzima wa nyanda hizi ulikuwa na kinywaji chake, na kila kinywaji kilikuwa na kazi yake.

Kazi kubwa ilikuwa shamba. Mwenye shamba kubwa hakuwa na fedha za vibarua. Alikuwa na chungu. Aliwaita majirani kwenye migowe, wakaja alfajiri na majembe, na nyimbo zikaenda sawa na jembe: mmoja anaanzisha, wengine wanapokea, mstari unasonga. Aliyejua kutunga fumbo la kumsema jirani mvivu, au kumsifu mwenye shamba hadi aone haya, alithaminiwa kuliko mwenye misuli. Jua likishuka chungu kinatolewa, na hapo ngoma ndiyo inaanza. Ukitazama kwa makini, pombe ile ilikuwa mshahara. Mlimaji, mwimbaji na mpiga ngoma walilipwa kutoka chungu kimoja, na aliyekitengeneza chungu hicho, aliyeloweka ulezi, akauotesha, akauanika, akausaga, akauchachusha kwa siku kadhaa akihesabu ili uive siku ya kazi, alikuwa mwanamke. Wadhamini wa kwanza wa muziki wa Nyanda za Juu Kusini walikuwa mama zetu wapika pombe. Majina yao hayamo katika kitabu chochote cha historia ya muziki wa Tanzania, nami naona hilo ni deni.

Haikuwa kila ngoma iliyosubiri chungu. Godfrey Wilson na mkewe Monica, wanaanthropolojia walioishi na Wanyakyusa katikati ya miaka ya 1930, waliandika kwa kirefu juu ya msiba wa Rungwe: wanawake wakilia, ngoma zikidunda, vijana wakicheza na mikuki kama waendao vitani. Kifo hakitoi taarifa ya siku za kuchachusha. Ngoma ile iliwashwa na uchungu na ujasiri wenyewe. Vivyo hivyo ligombo la Wahehe, ala ya nyuzi zilizotandazwa juu ya ubao uliochimbwa kama kihori. Mpigaji wake alikaa akaimba habari na sifa, watu wakanyamaza wakasikiliza. Hugh Tracey alipozunguka Tanganyika mwaka 1950 na mitambo yake ya kurekodi, ligombo lilikuwa miongoni mwa sauti alizozihifadhi. Wanaodai kwamba Mwafrika hawezi kupiga muziki bila kulewa wangeanza kwa kusikiliza rekodi hizo.

Mwaka 1891, mwaka uleule wa Lugalo, wamisionari wa Moravian na wa Berlin waliingia Unyakyusa. Waliitazama ngoma na pombe kama dhambi moja yenye vichwa viwili. Mwongofu alitakiwa aviache vyote, kwa sababu waliona, na hapa waliona sawa, kwamba kimoja kinalishwa na kingine. Badala yake walileta kwaya na tarumbeta. Tangu hapo nyanda hizi zina miziki miwili inayoishi jirani: wa kilabuni unaolipwa na pombe, na wa kanisani unaolipwa na sadaka. Ukipita leo Uyole ya Mbeya au Kihesa ya Iringa siku ya Jumapili unaisikia yote miwili, spika kwa spika, na mara nyingi ni vijana wa familia moja. Wapigaji wengi wa kinanda na gitaa la besi wanaovuma kwenye baa walijifunza kanisani bure. Kanisa likafundisha, baa ikavuna.

Na bangi? Ilikuwapo zamani. Richard Burton, aliyepita njia za misafara kutoka Bagamoyo kwenda Ziwa Tanganyika mwaka 1857 na 1858, aliandika juu ya watu wa bara kuivuta kwa viko vya maji. Mbali zaidi magharibi, Kasai katika Kongo, Hermann von Wissmann aliwakuta miaka ya 1880 watu waliojiita wana wa bangi, walioifanya kuwa nguzo ya dini na ya umoja wao, wakaivuta kwa pamoja hadharani na kwa nyimbo. Huko kweli jani lilipewa kiti cha enzi. Nyanda zetu hazikuipa kiti cha namna hiyo. Ilibaki kitu cha kuvutwa pembeni, na sheria ilipokuja iliikuta pembeni ikaisukuma mbali zaidi. Mkataba wa Geneva wa mwaka 1925 uliiingiza bangi kwenye orodha ya dawa zinazodhibitiwa kimataifa, Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa mwaka 1961 ukakaza kamba, na Tanzania huru ikatunga sheria yake ya mwaka 1995, kisha ile kali zaidi ya mwaka 2015 iliyozaa Mamlaka ya Kudhibiti na Kupambana na Dawa za Kulevya. Wakulima wanaoipanda hujificha milimani, mistari ya bangi katikati ya mistari ya mahindi. Fedha yake ni ya kujificha vilevile. Haiwezi kujenga ukumbi, haiwezi kununua vyombo vya bendi, haiwezi kuandika jina lake juu ya jukwaa. Mtu akiniambia kwamba bangi ndiyo iliyoujenga muziki wetu namuuliza aniambie ilipitia akaunti gani.

Pombe ilikuwa na kibali. Waingereza waliikuta, wakaipa leseni, wakaitoza ada, na mapato yake yakawa miongoni mwa yaliyoendesha hazina za serikali za wenyeji. Kilabu cha pombe cha mjini, chenye uzio, mabenchi na saa za kufungua, ndicho ukumbi wa kwanza wa muziki ambao dola iliutambua kwa Mwafrika. Pombe kali ilikuwa hadithi nyingine: Mkataba wa Brussels wa mwaka 1890 ulizuia vinywaji vya kukenekwa kuuzwa kwa Waafrika katika sehemu kubwa ya bara, na marufuku ya namna hiyo ikadumu karibu ukoloni mzima. Gongo ikaingia msituni, nayo haikuwahi kuwa na bendi.

Wakati huohuo watu walianza kutembea. Machimbo ya dhahabu ya Lupa, Chunya, yalipopamba moto miaka ya 1930 yaliwavuta maelfu ya vibarua kutoka Rungwe, Mbozi na Usafwa. Wengine walivuka mpaka kwenda migodi ya shaba ya Zambia ya leo, na wengine wakasafirishwa na wakala wa migodi ya Afrika Kusini, WENELA, mpaka serikali ya uhuru ilipousimamisha usafirishaji huo mwanzoni mwa miaka ya 1960. Huko walikutana na gitaa, gramafoni, dansi la Jumamosi baada ya mshahara, na bia ya chupa. Waliporudi na suti na santuri, hawakutaka tena kukaa chini kwenye kilabu cha komoni. Walitaka baa. Bia ya chupa ilikuwa ya Mzungu kwa muda mrefu, na kuinywa hadharani, mezani, huku bendi inapiga, kulikuwa kutangaza uhuru kabla ya bendera kupandishwa. Sitawacheka kwa hilo. Mtu aliyezuiwa mlango miaka yote ana haki ya kupita katikati ya mlango siku unapofunguliwa.

Hapo ndipo ulipozaliwa mkataba ambao muziki wa dansi wa Tanzania uliishi nao kwa nusu karne: mlangoni ni kwa bendi, vinywaji ni kwa mwenye baa. Bendi ilipokuja Mbeya au Iringa kutoka Dar es Salaam au Morogoro, ikiwa juu ya lori na vyombo vyake na wanamuziki wamejifunika makoti kwa baridi ya Makambako, ilikula kiingilio. Mwenye baa, aliyetoa ukumbi na mara nyingi alimiliki hata magitaa na vipaza sauti, alikula bia. Nao mkataba huu uliugusa muziki wenyewe. Santuri ilibeba dakika chache. Ukumbini wimbo uleule ulivutwa robo saa au zaidi, mashairi yakaisha mapema, chemko likaingia, magitaa yakazungushana, watu wakatoka jasho na jasho likaomba bia nyingine. Bendi iliyopiga nyimbo fupi na kufunga saa nne isingeitwa tena. Tunausifu urefu wa dansi letu kama ufundi, na ufundi ulikuwapo kweli, lakini urefu ule ulikuwa pia biashara ya kreti.

Miaka ya Ujamaa naipitia haraka, kwa sababu haikubadilisha mkataba huu ila ilibadilisha maneno. Redio ilikuwa moja, Radio Tanzania Dar es Salaam, nayo ilikuwa na kamati ya kupitia mashairi. Wimbo wa kuonya juu ya ulevi ulipita kirahisi, kwa kuwa taifa lilitaka watu shambani. Sheria ya Vileo ya mwaka 1968 iliweka leseni na saa za kuuza, na hadi leo wakuu wa wilaya huikumbusha msimu wa kilimo unapoanza. Bendi ileile iliyorekodi onyo kwa mlevi ilipanda jukwaani Jumamosi kwenye baa, ikaupiga wimbo huohuo, na walevi wakaucheza kwa furaha kuliko wote. Wanamuziki hawakuwa wanafiki. Waliishi kwa fedha ya pombe na waliyaona madhara yake kwa karibu kuliko mtu yeyote, wengine kwenye miili yao wenyewe.

Kisha njia ikapanuka. Reli ya TAZARA, kilomita 1,860 kutoka Dar es Salaam hadi Kapiri Mposhi, ilijengwa kati ya mwaka 1970 na 1975, na barabara kuu ya Zambia ikafuatana nayo kuanzia Makambako kupita Mbeya hadi Tunduma. Kaseti zilisafiri kama mizigo mingine: rumba la Zaire, magitaa ya Zambia, na reggae. Peter Tosh alikuwa ametoa "Legalize It" mwaka 1976; Bob Marley akatumbuiza katika sherehe za uhuru wa Zimbabwe, Aprili 1980. Kwa vijana wa mji wa njiapanda kama Mbeya, habari hizo hazikutoka Jamaika. Zilitoka mwisho wa barabara yao. Hii ndiyo mara ya kwanza bangi ikapata wimbo, rangi na imani ya kusimamia. Nakubali hilo bila kusita. Hata hivyo wanareggae wetu wakubwa, Jah Kimbuteh na Justin Kalikawe wa Bukoba, walijenga majina yao kwa kuimba dhiki na haki za watu, na mashabiki wengi wa reggae waliokuwa wakisimamishwa na polisi kwa sababu ya nywele tu walijua nyimbo hizo kwa moyo bila kuwahi kuvuta.

Bongo fleva ilipoanza, Mbeya ilikuwa na mtu wake. Joseph Mbilinyi, aliyeanza kama 2Proud, akawa Mr. II, kisha Sugu, alitoa "Ni Mimi" mwaka 1995, wakati rap ya Kiswahili bado ilikuwa mchezo wa vijana wachache wa Dar es Salaam. Alighani maisha ya mtaani, polisi na umaskini, na mwaka 2010 wapiga kura wa Mbeya Mjini wakampeleka bungeni, alikokaa miaka 10. Iringa ikamtoa Ray C. Baadaye Mbeya ikamtoa Rayvanny, aliyeshinda tuzo ya BET mwaka 2017. Zikaja redio binafsi, Ebony FM kule Iringa, Bomba FM kule Mbeya, na msanii wa mkoani akaweza kusikika kwao kabla ya kuomba nafasi Dar es Salaam. Kwa muda mfupi ilionekana kwamba muziki umepata njia ya kuishi nje ya baa: kaseti, redio, mlio wa simu.

Haikudumu. Wizi wa kazi uliua kaseti, na fedha ikarudi jukwaani, na jukwaani palikuwa na bia. Tuzo kubwa za muziki nchini, kwa miaka mingi hadi mwaka 2015, zilibeba jina la Kilimanjaro, bia ya Kampuni ya Bia Tanzania, ambayo ina kiwanda hapohapo Mbeya. Tamasha la Fiesta lilizunguka mikoani kwa miaka kadhaa likiitwa Serengeti Fiesta, jina la bia ya kampuni shindani. Lilipofika Uwanja wa Samora Iringa au Sokoine Mbeya, maelfu ya vijana walisimama mbele ya jukwaa lililofunikwa rangi za bia. Wenzetu wa Kinshasa walikuwa wametangulia: Werrason akiimba chini ya bia ya Primus, J.B. Mpiana chini ya Skol, ugomvi wa wanamuziki ukawa ugomvi wa chupa. Sisi hatukufika huko, lakini tulikuwa barabara hiyohiyo. Na pembeni ya viwanja viroba, vile vifuko vya pombe kali, viliuzwa kwa bei ya soda, vikinywewa na wanafunzi kwa sababu vinaingia mfukoni, mpaka serikali ilipovipiga marufuku kuanzia tarehe 1 Machi 2017. Huo nauhesabu kuwa uamuzi bora kuliko nyimbo zote zilizowahi kufungiwa.

Nasema hivyo kwa sababu mkono wa dola umezoea kushuka kwenye maneno. Mwishoni mwa mwaka 2018 Baraza la Sanaa la Taifa liliufungia wimbo wa "Mwanza" wa Rayvanny na Diamond Platnumz kwa maadili, na walipouimba tena jukwaani likawazuia wenyewe kufanya maonyesho kwa muda. Unaweza kuutetea uamuzi huo au kuupinga. Ninachouliza ni hiki: katika miaka yote ya tuzo zilizoitwa kwa jina la bia, nani aliwahi kuliita jina hilo suala la maadili?

Sasa nifike kwenye unga. Heroini ilitia mizizi Zanzibar na Dar es Salaam kuanzia miaka ya 1980 na 1990, ikiletwa kwa majahazi na meli kutoka upande wa Asia. Sehemu kubwa ya shehena haikukusudiwa kubaki. Ilikuwa njiani kwenda kusini, na njia ya kusini kwa lori ni ileile ya Iringa, Makambako, Mbeya, Tunduma. Dawa inayopita mahali humwaga kidogo kila kituo, kwa dereva, kwa utingo, kwa kijana wa gesti, na baada ya miaka kituo kinakuwa na mateja wake. Haikuja kwa wimbo. Ilikuja na magari, na iliwakuta watu wa kila aina, makondakta, mafundi, wauza mitumba. Wasanii tunawataja kwa sababu tunawajua kwa majina.

Hao wasanii walikuwa na hatari zao za ziada. Wanafanya kazi usiku, wanalipwa kwa mkupuo au hawalipwi kabisa, wanasafiri bila familia, na kila anayewazunguka ana kitu cha kuwapa. Oktoba 2014 Chid Benz, mmoja wa wasanii wa hip hop wenye sauti nzito kuliko wote waliowahi kutokea nchini, alikamatwa kwenye uwanja wa ndege wa Dar es Salaam akiwa na dawa za kulevya. Alikuwa anakwenda kwenye shoo Mbeya. Mahakama ilimtoza faini mwaka uliofuata, na baadaye wenzake katika muziki wakamsaidia kufika sober house Bagamoyo. Mashabiki waliokuwa wakimsubiri Mbeya walikasirika kwa kukosa shoo. Wangekuwa na haki zaidi ya kukasirika kwamba alikuwa anapandishwa jukwaani akiwa mgonjwa.

Upo uongo mmoja wa zamani unaosema kilevi ndicho kinacholeta kipaji. Marekani iliugharamia sana. Charlie Parker alipofariki mwaka 1955 akiwa na miaka 34, wapiga saksofoni wengi chipukizi walikuwa wameshaingia kwenye heroini wakidhani kasi ya vidole vyake ilitoka kwenye sindano, na hospitali ya serikali ya waraibu ya Lexington, Kentucky, ikajaa wanamuziki wa jazz. Kwetu uongo huohuo husemwa kwa bangi na vina. Msikilize Ngwair wa mwaka 2004: pumzi imepangwa, silabi zimehesabiwa, mzaha unaingia mahali pake. Hiyo ni kazi ya kijana aliyekaa na daftari. Usimnyang'anye jasho lake ukalipa jani.

Na mtazame Ray C, kwa sababu yeye ndiye anayeivunja hukumu ya mwaka 2013 kuliko wote. Alianza kwenye utangazaji wa redio, akatoa "Mapenzi Yangu" mwaka 2003, na kwa miaka michache ilikuwa vigumu kupita harusi Iringa bila kumsikia. Aliimba nini? Mapenzi. Kumpenda mtu, kuachwa, kusubiri, kurudi. Katika nyimbo zilizomjenga hakuna bangi, hakuna unga, hakuna sifa ya ulevi. Mzazi aliyemnunulia binti yake kaseti ya Ray C hakukosea kitu. Kama nyimbo ndizo zingekuwa mlango wa unga, yeye angekuwa wa mwisho kuingia. Aliingia, akapotea jukwaani, akadhoofika mbele ya macho ya nchi, na ikabidi familia yake iombe msaada hadharani.

Kilichomnyanyua kilikuwa dawa na watu. Hospitali ya Muhimbili ilianzisha kliniki ya methadone, dawa ya kutibu uraibu wa heroini, Februari 2011, miongoni mwa za kwanza za umma katika Afrika kusini mwa Sahara, na Ray C akawa sura yake inayojulikana zaidi. Alikubali kuonekana, akaeleza arosto, yale maumivu ya kukosa dawa, ilivyo, akaanzisha taasisi ya kuwasaidia wengine. Ujasiri huo naupa uzito kuliko orodha za majina. Februari 2017, mamlaka za Dar es Salaam zilipowataja wasanii hadharani na kuwaita polisi, nchi nzima ilizungumzia nani ametajwa, na nikawaza ni mama wangapi wa Mafinga au Mbalizi waliomficha mtoto wao zaidi siku ile badala ya kumpeleka hospitali.

Halmashauri za Iringa na Mbeya zina viwanja, zina kumbi, zina fedha za vijana. Zijenge walau ukumbi mmoja kila mji ambako bendi na msanii chipukizi wanaweza kupiga jioni na kulipwa kwa kiingilio peke yake, bila kreti kuwa mdhamini. Mapromota waandike kwenye mkataba kwamba msanii mgonjwa hapandi jukwaani, anapelekwa kutibiwa na kazi yake inamsubiri. Nawe msomaji, kama nyumbani kwako kuna kijana wa unga, awe anaimba au haimbi, usimfungie chumbani wala usimfukuze. Tangu mwaka 2017 Hospitali ya Rufaa ya Kanda Mbeya ina kliniki ya methadone. Dawa hunywewa pale kila siku mbele ya mhudumu, na hutolewa bila malipo.